Ukiulizwa na mwandishi wa habari: faida, hatari na haki yako



Katika mikutano yetu kuna swali linalorudi mara nyingi. Mtu anasimama na kusema: "Waandishi wa habari walikuja hapa. Waliuliza nani alichoma kijiji chetu, nani anatoza pesa barabarani, nani anauza chakula cha msaada. Wengine walisema, wengine walinyamaza. Nani alifanya vizuri?" Hatuwezi kulijibu kwa neno moja. Sisi pia tunaandika, na sisi pia tumekosa. Kwa hiyo tunaanza na kosa letu.

Miaka kadhaa iliyopita tulichapa habari juu ya kambi moja ambamo jetoni za chakula zilikuwa zinauzwa. Mama mmoja alitueleza namna mambo yalivyokwenda. Ili jina lako libaki kwenye liste, ulipaswa kuacha makopo mawili ya unga kwa mtu fulani kila mara ya mgawo. Hatukuandika jina lake. Tuliandika tu kwamba ni mjane, ana mapacha, na anauza makala karibu na bomba la maji. Tulifikiri kuficha jina kunatosha.

Jarida lilipofika kambini, haikupita hata saa moja kabla watu hawajamjua. Ni wajane wangapi wenye mapacha wanaouza makala karibu na bomba lile? Ni mmoja tu. Mgawo uliofuata, jina lake halikuonekana kwenye liste. Watoto wake walitukanwa walipokwenda kuchota maji, na usiku mtu alikata kamba za hema yake. Baadaye aliondoka na watoto kwenda kwa ndugu wa marehemu mume wake, mahali ambapo hakuwa na shamba wala mgawo. Tulipata habari hizo kwa mama mwingine wa kamati, wakati yeye alikuwa amekwisha kwenda.

Sasa sikilizeni upande wa pili. Habari ile ilikuwa ya kweli, kila neno. Shirika lililogawa chakula lilituma watu kuhakikisha, kamati ikabadilishwa, na kwa miezi kadhaa familia nyingi zilipata unga wao kamili. Wasomaji walitushukuru. Aliyefanya unga ule upatikane hakuwa pale kuupokea.

Tumezungumza juu ya jambo hili mara nyingi kati yetu. Kama tungekuwa tumesema uongo, tungeomba msamaha na kusahihisha. Lakini ukweli ndio uliomfukuza, na haukusahihishika. Hapo ndipo tulipoelewa kwamba mwandishi anaweza kusema ukweli na bado akawa na deni kwa mtu.

Habari ya kawaida haina mzigo wa namna hii. Waziri amefika, daraja limefunguliwa, mvua imebomoa nyumba: hayo kila mtu ameyaona. Habari ya uchunguzi ni ile ambayo mtu mwenye nguvu hataki ijulikane. Ili itoke, lazima mtu aliyeiona kwa macho, au aliyeshiriki, au aliyebeba karatasi, aivunje siri. Na kwa kuwa wanaoijua siri ni wachache, siku inapotoka, macho yote yanawageukia hao wachache.

Mwandishi mwenyewe pia anahatarisha maisha yake. Watu wa Kivu ya Kusini wanamkumbuka Serge Maheshe wa Redio Okapi. Jioni ya tarehe 13 Juni 2007, mjini Bukavu, alipigwa risasi akiwa na marafiki wake wawili, karibu na gari lenye alama za Umoja wa Mataifa. Alikuwa na miaka 31. Lakini wengi wamesahau yaliyofuata. Marafiki wale wawili, walioshuhudia kifo chake na kupona, walishtakiwa wao wenyewe, na mwezi Agosti mwaka ule korti ya kijeshi iliwahukumu kufa. Watu wawili waliosema kwamba ndio waliofyatua risasi walikuwa wamewataja, kisha wakakana maneno yao. Marafiki waliachiliwa kwenye rufaa mwezi Mei 2008. Muda huo wote familia zao zilingojea, na watu barabarani walikuwa na hukumu zao tayari, kama kawaida ya redio trottoir. Mwezi Novemba 2008 mwandishi mwingine wa redio ileile, Didace Namujimbo, aliuawa pia kwa risasi mjini Bukavu. Watetezi wa haki za watu walilalamika kwamba uchunguzi haukufanywa inavyopaswa.

Kuna wengine ambao hawatajwi hata kidogo. Mwezi Machi 2017, katika Kasai, wataalamu wawili wa Umoja wa Mataifa, Michael Sharp na Zaida Catalán, walikwenda kuchunguza mauaji na makaburi ya pamoja. Hawakuwa waandishi wa habari, lakini kazi yao ilifanana: kwenda, kuuliza, kuandika. Waliuawa. Walikwenda pamoja na mkalimani Mkongomani na waendesha pikipiki. Hao nao hawakurudi. Ulimwengu ulijifunza majina mawili. Mama wa mwendesha pikipiki hana gazeti lenye picha ya mtoto wake.

Tunawaambia hili vijana wa kambi na wa miji, kwa sababu mara nyingi ni ninyi mnaoitwa kumwonyesha mgeni njia, kumtafsiria, kumbeba kwa pikipiki. Pesa ya siku moja inaonekana kubwa mfukoni mwa mtu asiye na kazi. Kabla ya kukubali, uliza mnakwenda kwa nani, kumwuliza nini, na mgeni ana mpango gani kwa ajili yako kama mambo yakiharibika. Mgeni ana pasipoti na ubalozi. Wewe una kitambulisho cha uchaguzi na familia inayokungoja jioni.

Kesi ya mauaji yale ya Kasai ilizaa jambo lingine. Mwezi Septemba 2021 mwandishi Sosthène Kambidi, aliyefuatilia habari za Kasai tangu mwanzo, alikamatwa Kinshasa. Wapelelezi wa kijeshi walitaka kujua alipata wapi video ya mauaji. Aliachiliwa mwezi Oktoba. Miaka miwili baadaye, Septemba 2023, Stanis Bujakera naye alikamatwa Kinshasa kwa sababu ya makala iliyochapwa na Jeune Afrique juu ya kifo cha mwanasiasa Chérubin Okende. Simu zake na kompyuta yake zilichukuliwa. Alikaa gerezani hadi Machi 2024.

Kwa nini haya yakuhusu wewe uliye chini ya shitingi? Kwa sababu mwandishi anapokuambia "jina lako halitajulikana," anaahidi kitu ambacho siku moja kinaweza kumpeleka gerezani akikitimiza. Wengine wana moyo huo. Wengine hawana, na hatuwalaumu wote, maana nao wana watoto. Na hata mwenye moyo, simu yake haina moyo. Ikiwa namba yako imo, na sauti yako imo, na picha ya mlango wa hema yako imo, anayeichukua simu hahitaji kumwuliza mtu yeyote. Kwa hiyo ni haki yako kumwuliza: "Sauti yangu utaiweka wapi? Utaifuta lini? Nani mwingine ataisikia?" Mwandishi mzuri hakasiriki kwa maswali haya. Anayekasirika, mwache aende.

Wakati huu hatari imezidi. Januari 2025 waziri wa sheria wa wakati ule alitangaza kwamba atakayeeneza habari za shughuli za jeshi la Rwanda na za M23, hata akiwa mwandishi, angeweza kupata adhabu ya kifo. Mwisho wa mwezi uleule M23 ikachukua Goma, na katikati ya Februari Bukavu. Redio kadhaa ziliporwa au kufunga milango, na waandishi wengi walikimbia kama ninyi mlivyokimbia. Wanaokuja kuwauliza maswali leo, wengine wao pia wamelala kwa watu.

Mara nyingi tunafikiri hatari ni kwa mtu mmoja aliyesema. Lakini kuna hasara inayoangukia maelfu, na hakuna aliyeitaka. Watu wa Walikale wanaijua. Kwa miaka mingi wachunguzi na waandishi walionyesha namna mgodi wa Bisie ulivyokuwa mikononi mwa askari. Vijana walitoa kasiteriti ardhini, wabebaji wakatembea msituni na mifuko ya kilo 50 mgongoni, na mwenye bunduki akachukua sehemu yake kila kizuizi. Hadi mwaka 2009 mgodi ulishikwa na brigedi ya 85 ya jeshi. Habari hizo zilikuwa za kweli na zilihitajika.

Kisha habari zilifika mbali. Mwezi Julai 2010 Marekani ilipitisha sheria yenye kifungu kinachodai makampuni yaeleze kama madini yao yanatoka Kongo au nchi jirani. Mwezi Septemba 2010 Rais Joseph Kabila alisimamisha uchimbaji wa mikono katika Kivu ya Kaskazini, Kivu ya Kusini na Maniema, hadi Machi 2011. Wanunuzi wengi wakubwa waliona ni rahisi zaidi kuacha kununua kwetu kuliko kuhakikisha. Nani alilala njaa? Mchimbaji, mbebaji, mama aliyeuza ugali na sombe kwenye mgodi, mwalimu aliyelipwa na wazazi wachimbaji. Wenye bunduki walitafuta njia nyingine, na hawakukosa: dhahabu ni nyepesi kubeba na rahisi kuficha.

Hatusemi kwamba ilikuwa bora kunyamaza. Tunasema kwamba waliouliza maswali Walikale walikuwa na kazi ya pili, nayo ni kuuliza, "Tukichapa hili, nani atalipa kwanza?" Mchimbaji alihojiwa mara nyingi juu ya mateso yake. Ni mara chache aliulizwa angependa lifanyike nini.

Wilaya ileile ilibeba mzigo mwingine mwaka 2010. Baada ya ubakaji wa watu wengi katika Luvungi na vijiji vya jirani, mwisho wa Julai na mwanzo wa Agosti, wachunguzi, mashirika na waandishi walifika kwa mfululizo. Kila mmoja alikuwa na daftari lake na swali lilelile. Mama anayeeleza jambo la namna hii mara moja anafanya kazi nzito. Anayeelezeshwa mara ya sita, mbele ya mkalimani mwanamume wa kijiji chake, anaumizwa tena. Na kuna kitu kibaya zaidi, tukiseme wazi: watu wanapoona kwamba anayeeleza maumivu makubwa ndiye anayeandikwa kwenye liste ya msaada, maelezo yanaanza kukua. Tusiwaite waongo. Waliofundisha somo hilo ni waliokuja na daftari. Lakini matokeo yake ni kwamba siku moja mtu mwingine anakuja kuchunguza, anapata hitilafu, na anawatilia shaka hata wale ambao hawakuongeza neno.

Ndiyo sababu tunasema mwandishi asilipe pesa kwa ushuhuda. Kurudisha nauli ya mtu, kumpa maji na mkate aliyekaa saa tatu akieleza, huo ni utu. Kununua maneno ni kitu kingine. Na ninyi nanyi mna haki ya kuuliza nani amelipa safari ya mwandishi. Katika nchi yetu kuna desturi ya coupage: mwandishi asiye na mshahara wa kutosha anapewa bahasha na yule anayeandikwa. Tunaelewa njaa yake. Lakini bahasha ya leo inaweza kutoka kwa adui wa yule uliyemtaja, na ya kesho ikatoka kwake yeye mwenyewe, ili ajue nani alimtaja.

Kunyamaza nako kuna bei. Tarehe 1 Oktoba 2010 Umoja wa Mataifa ulitoa ripoti inayoitwa Mapping, juu ya uhalifu mkubwa uliotendwa Kongo kati ya Machi 1993 na Juni 2003. Inaeleza matukio 617. Ili kuyapata, wachunguzi walizungumza na mashahidi zaidi ya 1,280. Kwa kila mmoja wa hao kulikuwa na siku ya kufikiri kama aseme au asiseme. Majina ya wanaoshukiwa hayakuchapwa. Yaliwekwa mahali pa siri ili yasilete kisasi kabla ya hukumu. Korti maalum iliyopendekezwa haijaundwa hadi leo, na wengi waliosema wamekufa wakingoja. Hata hivyo, mjukuu akitaka kujua nini kilitokea katika kijiji cha babu yake, kuna ukurasa. Mahali ambapo hakuna aliyesema, hakuna ukurasa, na yule aliyeua anaweza kusimama leo na kusema kwamba hakuna aliyekufa.

Neno juu ya kutaja. Wazee wetu wanakumbuka redio ya RTLM, kule Rwanda mwaka 1994, iliyotaja hewani majina ya watu na mahali walipo, wakauawa. Desemba 2003 mahakama ya Arusha ilihukumu watu watatu wa vyombo vya habari kwa sehemu yao katika uchochezi ule. Ile haikuwa uchunguzi. Lakini hata mchunguzi mwenye nia njema anaweza kukaribia hapo, akiandika "watu wa kabila fulani walichoma kijiji" badala ya kutaja kikosi, kamanda na siku. Kabila halichomi kijiji. Ukimwambia mwandishi, mwambie ulichokiona: nguo gani, lugha gani, jina gani waliloitana. Kama hukuona, sema hukuona. Aliyeambiwa na jirani aseme ameambiwa na jirani. Jina la mtu asiye na hatia likishatoka redioni halirudi, na kambini hakuna anayesikiliza sahihisho.

Kwa viongozi, wapresida wa kambi, wachefu na wachungaji, tunataka kusema kwa heshima mambo ambayo pengine hayapendezi. Mwandishi akifika, ninyi ndio mlango, na ni vizuri ajitambulishe kwenu. Lakini msimchagulie wa kuzungumza naye. Tunajua kambi ambamo wamama watatu walewale huletwa kila mara, nao wamekwisha kujifunza kwa moyo. Msikae ndani ya hema mtu anapohojiwa. Zaidi ya yote, mwandishi akiondoka, msiulize nani alisema nini. Swali hilo tu, hata bila ukali, linatosha kumfanya mtu afungashe vitu vyake usiku.

Tunajua hofu yenu. Mnasema, "Wizi ukiandikwa, wafadhili watakata msaada, na wote watateseka kwa sababu ya wawili." Hofu hiyo si ya bure, imetokea. Kwa hiyo tunashauri, mahali inapowezekana, jambo lipelekwe kwanza kwa shirika lenyewe, kwa maandishi, na mashahidi wawe wengi ili asionekane mmoja. Ikipita miezi na unga unaendelea kupungua, basi aliyekwenda kwa mwandishi hajawasaliti. Amechoka.

Na wewe mama, baba, kijana uliyeulizwa: unaweza kukataa, na huwiwi maelezo na mtu. Unaweza kukubali redio na kukataa picha. Picha ya mgongo si siri kama kitenge chako kinajulikana kambi nzima. Unaweza kusema nusu leo na nusu baadaye. Uliza habari itatoka kwa lugha gani na wapi, lakini usitulizwe na jibu la "itatoka Ulaya tu." Zamani gazeti la Ulaya halikufika Masisi. Leo linafika kwa WhatsApp kabla mwandishi hajapanda ndege. Uliza pia kama atarudi. Wengi wanaahidi, wachache wanarudi, na hao wachache tunawaheshimu sana.

Sisi, tangu habari ile ya jetoni, tumebadilisha namna yetu ya kufanya kazi. Kabla ya kuchapa, tunarudi kwa aliyetueleza na kumsomea kila mstari kwa lugha yake, na mtu mwingine wa kambi anatusaidia kuona kama anaweza kutambulika. Tunaondoa mapacha, tunaondoa makala, tunaondoa bomba. Habari inakuwa kavu kidogo, na wahariri wetu wanalalamika. Jarida linachelewa.

Mwezi uliopita tulimsomea mama mmoja ukurasa wake wote. Alisikiliza hadi mwisho, akasema kila kitu ni sawa, hakuna uongo, lakini tukitoe. Mtoto wake wa kwanza bado yuko kijijini, anachunga shamba. Tulikitoa. Alisema tukirudi wakati mtoto huyo amekwisha kuvuka, atatueleza upya, na siku hiyo jina lake tutaweza kuliandika.